Hii Ni Televisheni

Tulikuwa tumetoka ukumbini watu kumi na wawili, wengi wao marafiki waliokuja kunisindikiza tu, na mvua ya Saint-Denis, pembezoni mwa Paris, ilikuwa imeanza, ile isiyojua kama inyeshe au iache. Mtayarishaji niliyemsubiri kwa miezi mitano alifunga skafu yake polepole, akanitazama kwa huruma, akasema, "Ni nzuri. Ila hii ni televisheni."

Akaenda zake kuwahi metro.

Asiyefanya kazi hizi Ufaransa angedhani nimesifiwa. Kwa watu wa sinema wa Paris hilo ni tusi, na hulitamka kwa upole, kama daktari anayetoa majibu mabaya. Maana yake ni kwamba umefanya kazi safi, kila kitu kinaeleweka, wala hakuna mtu ndani yake. Rudi ulikotoka. Na kweli nilitoka huko.

Ninaishi kwa kuhariri picha. Ufaransa ina utaratibu wa wafanyakazi wa sanaa wasio na ajira ya kudumu: ufikishe saa 507 za kazi ndani ya miezi 12, ndipo upate posho kwa siku zile usizo na kazi. Mwenye kuhesabu saa hachagui. Mwaka ule nilihariri kipindi cha mapishi, mechi za mpira wa mikono za wanawake, video ya kampuni ya kuuza madirisha, harusi tatu na mazishi moja. Mtu akiniuliza fani yangu nilikuwa najibu "picha", nikiomba asiendelee kuuliza. Kwetu Buyenzi, Bujumbura, kuna fundi wa avenyu ya saba anayetengeneza redio, pasi, feni na simu kwenye benchi moja, na hakuna aliyewahi kumwambia achague. Watu wanampelekea kitu kilichokufa, wanarudi jioni. Paris nikajifunza kuona haya kwa jambo ambalo nyumbani lingeniletea wateja.

Filamu yangu ilikuwa ya dakika 22. Mwanamke wa Bujumbura anayeishi Saint-Denis anapunguza suti ya marehemu ili ndugu wa marehemu aivae siku ya arobaini. Hiyo tu. Niliweka humo akiba yangu yote na ya dada yangu kidogo.

Wiki chache baadaye, mwishoni mwa Oktoba 2021, nilikuwa nahariri picha za mpishi aliyekuwa anakata vitunguu, redio ikiwa chini mezani, nikasikia kwamba mwongozaji wa televisheni Marcel Bluwal amefariki akiwa na miaka 96. Jina halikuniambia kitu. Lakini mzee aliyenishikia maikrofoni kwenye filamu yangu alinipigia simu jioni ile, sauti imekauka, akauliza kama nimesikia.

Huyu mzee lazima nimweleze kidogo. Ni mstaafu, alishika mti wa maikrofoni maisha yake yote, na kwangu alifanya kazi bure kwa sababu pensheni ilikuwa inamchosha. Siku ya kwanza nilimwita "Monsieur" akakasirika. Kwenye kazi hizi Wafaransa huitana kwa majina na kwa "wewe" ya kirafiki, hata kama mmoja ana mvi na mwingine ana chunusi. Ulimi wangu ukagoma. Mtu aliyemzidi baba yangu umri nimwite kwa jina lake kama mwenzangu wa kuruka kamba! Tukakubaliana nimwite Mzee, kwa Kiswahili. Nilipomweleza maana yake alilipenda, akaanza kujitambulisha hivyo kwa watu.

"Bluwal simjui," nilimwambia.

Kimya. Halafu akasema, "Basi hujui umetoka wapi."

Nilikasirika kidogo, kwa sababu najua vizuri nilikotoka. Lakini nilikwenda.

Maktaba ya Taifa ya Ufaransa, ile ya minara minne inayofanana na vitabu vilivyofunguliwa, imezunguka bustani ya misonobari iliyozama chini ya ardhi. Huko chini, kwa watafiti, ndiko unakoweza kutazama kumbukumbu za redio na televisheni za Ufaransa. Unapewa meza, skrini na vipokea sauti. Kulia kwangu alikuwa mwanafunzi anayetazama matangazo ya zamani ya sabuni, kushoto mtu mzima anayetazama mbio za baiskeli za miaka ya sitini huku akiandika kwa kalamu ya risasi. Nikaenda siku moja. Halafu nikawa nakwenda kila nilipopata siku isiyo na saa za kuhesabu.

Bluwal alizaliwa Paris mwaka 1925, mtoto wa Wayahudi waliotoka Poland. Polisi walipoanza kuwakusanya Wayahudi wa mji ule, yeye na mama yake walijificha ndani ya chumba kimoja kwa zaidi ya miaka miwili, mpaka Paris ilipokombolewa Agosti 1944. Hebu piga hesabu: miaka kumi na saba, kumi na nane, kumi na tisa, yote ndani ya chumba, sauti chini, na uso mmoja wa kutazama. Mimi si mtu wa kutafuta chanzo cha kila kitu utotoni, ila hilo sikuweza kulisahau kila nilipoona jinsi anavyoukaribia uso wa mtu.

Baada ya vita alisomea kamera katika shule ya ufundi ya rue de Vaugirard, na mwaka 1949 akaingia televisheni. Wakati huo seti za televisheni Ufaransa nzima zilikuwa elfu chache, karibu zote Paris na pembezoni mwake. Mwenye ndoto kubwa alikwenda sinema au redio. Bluwal akaanza na vipindi vya watoto.

Hapo nilicheka peke yangu maktabani, kwa sababu na mimi nilianza hivyo hivyo.

Ilikuwa mwaka 2004, Bujumbura, kituo nisichokitaja. Kipindi cha watoto, Jumamosi alasiri, mubashara. Nilikuwa na kamera mbili, na siku ile ya pili ilikuwa imekatika waya. Mtoto wa miaka sita, gauni la manjano, amekuja kughani shairi la kuku na mvua. Beti ya kwanza safi. Beti ya pili akasimama. Nikamwambia mpiga picha kwenye masikio, "Toka! Fungua picha, nionyeshe ukumbi!" Mpiga picha, mtu mzima aliyekuwa ameona mengi, hakutoka. Alibaki usoni kwa yule mtoto, akasogea kidogo zaidi. Mimi nilikuwa nimeshika kichwa. Mtoto akatazama dari, akatazama viatu vyake, akameza mate. Ukiwa kwenye swicha, mashine ya kuchagua kamera ipi iende hewani, sekunde tisa ni ndefu kuliko Ramadhani. Kisha akasema, "Nimesahau. Lakini mwisho wake naujua." Akaghani mstari wa mwisho, akainama, akaondoka.

Mkubwa wangu alinikemea kwa kuacha ukimya hewani. Mitaani watu waliniuliza wiki nzima yule ni mtoto wa nani. Nilisikia kemeo, maswali ya mitaani nikayapuuza, na huo ndio upumbavu niliokaa nao miaka kumi na saba. Kuanzia siku ile nikawa mtu wa kutoka haraka usoni. Mtu akinyamaza, nakata. Akilia, nakata. Ndiyo maana wapishi na madirisha walinipenda.

Studio za Buttes-Chaumont, mtaa wa 19 wa Paris, zilikuwa za kampuni ya filamu ya Gaumont tangu mwanzo wa karne, televisheni ikazichukua miaka ya hamsini. Waliofanya kazi pale wakaja kuitwa kwa jina la mahali: shule ya Buttes-Chaumont. Stellio Lorenzi alirudisha historia jukwaani. Claude Barma alitisha nchi nzima mwaka 1965 kwa mzimu wa jumba la makumbusho la Louvre. Jean-Christophe Averty alikuwa na wazimu wake peke yake. Mwaka 1963 aliwatia watu kichefuchefu kwa kumpitisha mtoto wa bandia kwenye mashine ya kusagia nyama. Bluwal alikuwa katikati ya wote hao, na ukitaka kumweka kwenye kabati moja utahangaika.

Mzee aliingia pale kijana, mwishoni mwa miaka ya sitini, wakati tamthilia za mubashara zilikuwa zimeshaondoka, lakini waliomfundisha kazi walizifanya. Kabla ya mashine za kurekodi picha kuenea, mchezo mzima wa saa mbili ulikwenda hewani palepale unapochezwa. Mazoezi wiki kadhaa, halafu jioni moja tu. Alinionyesha jikoni kwake, akitumia fagio kama mti wa maikrofoni na viti vitatu kama kamera. Muigizaji akimaliza sebuleni anakimbia kwa ncha za vidole nyuma ya ukuta wa mbao, mtu anamvua koti njiani, mwingine anampa kofia, na kamera moja imeganda kwenye saa ya ukutani ili apate muda wa kufika "mtaani". Waya za kamera zinapishana sakafuni kama nyoka, na mwongozaji asipozipanga kichwani mapema, kamera namba mbili inajikuta imefungwa kamba na namba tatu. Maikrofoni ikishuka sana, kivuli chake kinapita usoni kwa mfalme.

"Na mtu akisahau maneno?" nikamuuliza.

Mzee akasimamisha fagio. "Unabaki naye."

Sikumwambia lolote kuhusu gauni la manjano.

Skrini za nyumbani zilikuwa ndogo. Jeshi zima ukiliweka humo linakuwa siafu. Uso ndio uliojaa. Mwaka 1957 na 1958 Bluwal, pamoja na mwandishi Marcel Moussy, alitengeneza mfululizo ulioitwa Si c'était vous, "kama ingekuwa wewe", tamthilia za matatizo ya watu wa kawaida, watu wenye nyumba finyu na ndoa zenye mikwaruzo. Mwongozaji wa sinema François Truffaut aliuona, akamchukua Moussy waandike pamoja Les Quatre Cents Coups, filamu iliyompa Truffaut tuzo ya mwongozaji bora kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 1959 na ambayo wapenzi wa sinema wa Paris huitaja kama Waislamu wa kwetu wanavyoitaja Makka. Nilisoma hilo mara mbili. Yule wa skafu bila shaka anaijua filamu ile kwa moyo. Sidhani kama anajua mwandishi mwenza alitokea wapi.

Bluwal naye alikwenda sinema. Mwaka 1962 alitoa Le Monte-charge, usiku wa kuamkia Krismasi, Robert Hossein ametoka gerezani na kukutana na mwanamke ambaye heri asingemkuta. Mwaka uliofuata, Carambolages, kichekesho cheusi cha karani anayehesabu ni wakubwa wangapi waondoke ili apande cheo, Louis de Funès akiwa bosi. Iliingia mashindano ya Cannes. Mtu wa televisheni, hajafika miaka 40, mashindano ya Cannes! Mimi ningeishia hapo, ningekaa barazani nikiwasimulia watu mpaka kufa.

Filamu yake nyingine ya sinema ilitoka mwaka 1999.

Hapo ndipo nilipopunguza kasi ya kusoma. Kwa jinsi tulivyofundishwa kupima maisha, huyo ni mtu aliyepanda ngazi akashuka. Lakini tazama alichofanya aliposhuka, miaka miwili tu baada ya Cannes.

Dom Juan, mchezo wa kuigiza wa Molière, tuliusoma shuleni Bujumbura. Darasa la watu hamsini, vitabu vitatu, mwalimu akitembea kati ya madawati. Bwana asiyeamini Mungu wala shetani anawahadaa wanawake, anamdhihaki baba yake, anaalika sanamu ya marehemu kwenye chakula, na sanamu inakuja. Moto unammeza. Mtumishi wake, Sganarelle, anabaki peke yake akilia, "Mshahara wangu! Mshahara wangu!" Darasa lilivunjika kwa kicheko, na mwalimu akacheka kuliko sisi, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa na miezi mitatu hajalipwa. Ndivyo nilivyomjua Molière. Yule mtu aliuonyesha mchezo huo mara 15 mwaka 1665, ukatoweka, na hakuuchapisha mpaka kufa.

Novemba 1965, miaka 300 baadaye, Bluwal akautoa studioni. Aliwapandisha farasi Michel Piccoli, bwana, na Claude Brasseur, mtumishi. Alikwenda kwenye mazizi makuu ya farasi ya Chantilly, yaliyojengwa kama kasri, na kwenye kiwanda cha kale cha chumvi cha Arc-et-Senans, kazi ya msanifu Ledoux wa karne ya 18, nguzo nene na mawe makubwa, mahali ambapo binadamu anaonekana kama kitu kilichosahauliwa na wajenzi. Akaweka juu yake Requiem ya Mozart, muziki wa misa ya wafu. Majengo yale hayakuwepo enzi za Molière. Mozart hakuwa amezaliwa. Mwalimu wangu wa historia angemchapa.

Nilitazama bila kuandika kitu. Nilichotegemea ni mchezo wa jukwaani uliopigwa picha, watu wamesimama wamepanga mstari wanatema Kifaransa cha kale. Badala yake nikaona mtu mmoja mdogo ndani ya jiwe kubwa, halafu uso. Jiwe, uso. Piccoli hapigi kelele. Anaongea kama mtu aliyeshajua siku yake na amechoka kungojea, na Brasseur anamtazama kwa upendo wenye hofu, kama unavyomtazama kaka mkubwa anayekunywa. Nikaelewa kwa mara ya kwanza kwamba mshahara si kichekesho peke yake: yule mtumishi ameachwa, na neno pekee la kilio alilopewa ni la fedha.

Halafu nikatambua jambo la kazi, ambalo labda ni mhariri tu angelijali. Mle ndani mlikuwa na vitu vyote alivyofanya kabla. Nyuso zilitoka kwenye mubashara, hewa ya nje na mwendo vilitoka sinema, na subira ya kumngoja mtu amalize kunyamaza, hiyo sijui, labda ilitoka kwa watoto, labda chumbani alikojificha. Mshika mawili moja humponyoka, tuliambiwa tukiwa wadogo. Huyu alishika kila kitu, na sikuona kilichoponyoka.

Mzee aliiona usiku ule ule ilipotoka. Alikuwa na miaka 17, kijiji cha wavuvi huko Bretagne, televisheni moja tu mkahawani. Idhaa zilikuwa mbili na ya pili, iliyoanza mwaka mmoja kabla, haikuwa imefika sehemu nyingi za nchi. Hivyo mamilioni walitazama kitu kimoja jioni moja. Mkahawa ulijaa watu ambao hawajawahi kukanyaga ukumbi wa tamthilia, na hakuna ukumbi uliowahi kuwakaribisha. Moto ulipommeza bwana na picha ikaisha, anasema wavuvi hawakupiga makofi wala kucheka. Mmoja aliuliza tu, "Na yule wa farasi mwingine, walimlipa?" Wakabishana mpaka mkahawa unafungwa.

Mzee akaondoka kijijini kwenda kutafuta kazi ya sauti. Hakuwahi kutazama nyuma.

Baada ya pale Bluwal akafanya Vidocq, jambazi aliyegeuka polisi, sehemu 13 mwaka 1967 na Bernard Noël; Noël alipofariki mwaka 1970, Claude Brasseur, Sganarelle wetu, akaivaa kofia ile kwa mfululizo mpya wa rangi. Familia nzima zilikula chakula cha jioni na Vidocq. Akafanya michezo ya Marivaux. Akafanya Les Misérables mwaka 1972. Mwaka 1982 alitoa Mozart, sehemu sita, Michel Bouquet akiwa baba, na mtoto aliyemwigiza Mozart mdogo, Karol Beffa, akakua akawa mtunzi wa muziki kweli. Alimwongoza muigizaji Simone Signoret katika kazi za mwisho za maisha yake. Alifundisha waigizaji vijana katika shule ya taifa ya tamthilia. Mwaka 1974 serikali ilipoamua kulivunja shirika la televisheni ya taifa vipande saba, Bluwal wa studio na Bluwal wa mazoezi ya wiki kadhaa wakapoteza nyumba yao, lakini akaendelea, kazi moja hapa, moja pale, kama sisi wa saa 507. Kazi zake si zote dhahabu. Nyingine nilizitazama nikipiga miayo, na kuna vipindi virefu ambamo watu wanazunguka meza wakielezana siasa.

Hiyo filamu ya 1999 ndiyo niliyoifuata mwishoni. Inaitwa Le plus beau pays du monde, na inahusu filamu nyingine: ile ya rubani Mermoz, iliyopigwa wakati Ufaransa iko chini ya Wajerumani. Muigizaji mkuu, Robert-Hugues Lambert, alikamatwa kabla sauti haijakamilika, akafungwa kambi ya wafungwa ya Drancy, pembezoni mwa Paris. Kinachosimuliwa ni kwamba watu wa filamu walikwenda kambini na mti wa maikrofoni, wakaupitisha juu ya uzio, naye akasema maneno yake yaliyobaki akiwa ndani. Filamu ikakamilika. Lambert alifia kambini Ujerumani.

Drancy iko karibu kabisa na nilikopigia filamu yangu. Nilipita hapo mara kumi kwa basi nikitafuta vitambaa.

Nilimpigia Mzee kumwambia kuhusu ule mti wa maikrofoni. Alikuwa anakijua kisa. Kila mshika mti Ufaransa anakijua, alisema. Na Bluwal, akiwa na miaka zaidi ya sabini, alirudi sinema kwa sababu ya hicho: sauti ya mtu aliyefungwa, Paris ileile, miaka ileile aliyokuwa chumbani na mama yake akinong'ona. Sijui kama Cannes walimwalika tena, na sikutafuta.

Jumapili moja Mzee alinipeleka rue des Alouettes. Studio zilibomolewa miaka ya tisini, sasa ni nyumba za ghorofa zenye vibaraza na maua ya plastiki. Alisimama karibu na geti la gereji akasema hapa palikuwa na mlango wa studio kubwa, hapa tulivuta sigara, pale alianguka farasi. Mama mmoja mwenye mbwa akatuuliza kama tumepotea.

Usiku ule nilifungua filamu yangu. Sikuifungua ile ya dakika 22. Nilifungua mafaili yote, na picha nilizozitupa. Na humo nikaikuta aibu yangu imepangwa kwa namba. Mshonaji anafungua mshono wa bega la suti, anakuta ndani ya mfuko wa siri tiketi ya basi ya marehemu. Mpiga picha wangu, kijana mdogo, alibaki usoni kwake sekunde 40. Anaitazama, anaikunja, anairudisha, anakuwa kama anayetaka kusema kitu na suti. Ile picha niliitupa. Mahali pake niliweka mgongo wake dirishani, treni ikipita mbali, ukungu. Nilitaka ionekane sinema. Nilikuwa nimeiga sinema ya watu wengine kwa picha za mbali na migongo, na kazi ambayo mikono yangu inaijua nikaificha kabatini. Yule wa skafu alinusa kitu kibovu, hilo sina budi kumpa. Jina la harufu ndilo alilokosea.

Nilikaa siku nne. Nikarudisha sekunde 40 zote. Nikarudisha mikono, kwa sababu kipindi cha mapishi kilikuwa kimenifundisha kwa miaka sita namna ya kukata mikono inayofanya kazi, kwamba unakata kisu kinapogusa ubao, usisubiri kiinuke. Sindano nayo ni hivyo hivyo. Mechi za mpira wa mikono zilinifundisha kutazama asiye na mpira. Nikarudisha mtoto wa mshonaji aliyekaa pembeni akingojea chakula. Treni na ukungu vikaenda. Ikawa dakika 17.

Mzee aliitazama jikoni kwake, fagio liko kwenye kona. Alichosema ni kwamba kwenye dakika ya tisa anasikia friji. Kweli, ilikuwa friji.

Nikaituma Buyenzi kwa simu, kwa mama. Mama yangu ameshona tangu kabla sijazaliwa. Cherehani yake ya kukanyaga ndiyo iliyotusomesha. Akanipigia kesho yake usiku, nyuma yake nasikia watu, majirani walikuwa wamezunguka kile kioo kidogo na mtoto wa dada yangu ndiye aliyekuwa amekishika.

"Tumeiona mara tatu," akasema. "Itapita lini kwenye televisheni?"

Nikamwambia sijui, mama, nitajaribu.

"Jaribu. Wa avenyu ya sita hawakupata nafasi ya kuona." Akanyamaza kidogo, nami sikukata. "Ila huyo mwanamke wako hajui kushona. Bega la suti halianziwi nje, linafunguliwa kwa ndani. Na uzi aliotumia ni mweusi, suti ni ya bluu. Nani alimfundisha?"